Bakuli la Kwanza

Kosa langu lilikuwa kuiita supu. Ningesema ni mboga, au mchuzi, au hata dawa ya kliniki, nyumba ile isingegeuka mahakama. Lakini mama mkwe aliniuliza napika nini, nami nikamjibu bila kufikiri, "Supu, mama." Baba mkwe alikuwa amekaa upande wa pili wa ukuta wa jiko akichonga mpini wa jembe. Nikasikia panga limenyamaza. Nyumbani kwa mzee Alute supu ina mwenyewe, na mwenyewe ni yeye.

Mimi naitwa Peniel, mtoto wa Kinampanda huko Iramba. Miaka mitatu iliyopita niliolewa Issuna na Paschal, mtoto wa pili wa mzee Alute. Paschal anafanya kazi kwenye mashine ya kukamua alizeti mjini Singida, anarudi Jumamosi jioni na kuondoka Jumatatu alfajiri. Siku nyingine zote nyumba ina watu watatu: mzee Alute, mama mkwe wangu Scholastika, na mimi. Wakati wa mambo haya tulikuwa watatu na nusu, maana nilikuwa na mimba ya miezi sita.

Wiki moja kabla ya hiyo supu nilikwenda kliniki. Nesi Dina alinitoboa kidole, akatazama kipimo, akanitazama mimi, akapima tena.

"Peniel, damu yako ni nane. Unakula nini nyumbani?"

"Ugali na mlenda."

"Nyama? Maini?"

Nikacheka. Sikukusudia kumcheka yeye. Kwetu kuku akichinjwa, firigisi ni ya baba, maini ni ya baba, mapaja ni ya baba na mgeni wake. Mimi na mama mkwe tunakutana na shingo, miguu na mchuzi uliobaki. Nyama ya ng'ombe ikinunuliwa, supu ya asubuhi anakunywa mzee, na akishiba ndipo sufuria linarudi jikoni. Hawakuninyima kwa chuki. Walininyima kwa mazoea, na mazoea hayana mtu wa kumlaumu, ndiyo maana yanakera kuliko chuki.

Dina hakucheka. Alinipa vidonge vya kuongeza damu, akanitajia maharage, majani ya kijani, mifupa na bitiruti. Kisha akaweka kalamu chini.

"Nisikilize. Siku ya kujifungua ukivuja damu, na damu yenyewe ndiyo hii nane, mimi hapa nitakushika mkono na kupiga simu mjini kuomba gari. Sina kingine. Kula, dada. Hiyo bitiruti saga juisi kwenye blenda."

"Blenda sina."

"Basi ichemshe. Ila usije ukashtuka. Ukila bitiruti, mkojo unaweza kutoka mwekundu. Siyo ugonjwa, ni rangi inapita tu."

Niliondoka pale nikiwa nimeogopa, na mimi nikiogopa huwa nakasirika. Njia nzima nilikuwa najisemea kwamba sitakufa kwa sababu ya shingo ya kuku.

Pale sokoni Issuna kuna mama aliyekuwa akileta bitiruti kutoka mjini na hapati mnunuzi, watu wakidhani ni viazi vilivyoharibika ndani. Alifurahi kuniona kuliko alivyofurahi mama yangu siku ya harusi. Nikabeba bitiruti sita, kabichi moja ngumu, karoti, ndimu, na kwa muuza nyama nikachukua mifupa ya goti yenye uboho. Hakuna aliyenifundisha kupika kitu kile. Nilikifikiria mwenyewe, usiku na mchana, kama mtu anayepanga kutoroka.

Jumatatu, Paschal alipoondoka tu, nikabandika mifupa jikoni kwa moto wa kuni. Mifupa haitaki haraka. Niliiacha ichemke mpaka saa nne, naondoa povu, naongeza maji, mpaka uboho ukaanza kulegea na harufu ikatoka nje ya jiko. Nikamenya bitiruti. Mikono yangu ikawa myekundu mpaka kwenye vifundo, ubao mwekundu, kisu chekundu. Nikazikata vipande vyembamba vya urefu wa kidole, nikazikaanga na kitunguu, karoti na nyanya kwenye mafuta ya alizeti, kisha nikakamulia ndimu ili rangi isififie. Vyote nikavimimina kwenye mifupa. Kabichi nikaikata nyembamba kama nywele na kuiweka mwishoni, isije ikalainika mno, maana napenda kabichi inayojibu ukiitafuna. Nilipofunua sufuria baadaye, niliona kitu ambacho sijawahi kukiona katika jiko lile. Kilikuwa chekundu, kizito, kinang'aa kwa uboho, na kijiko kilikuwa kinakaribia kusimama chenyewe.

Hapo ndipo mama mkwe alipoingia akauliza, nami nikatamka neno lile.

"Supu ni ya nyama," alisema mama mkwe kwa sauti ya chini, akijaribu kuniokoa. "Hiyo ni mboga. Sema ni mboga."

"Ina mfupa?" mzee Alute aliuliza kutoka nje.

Mama mkwe akafunika sufuria. Hajawahi kumdanganya mumewe, nilifikiri wakati ule.

"Kama ina mfupa ni supu. Ileteni."

Nilitoka kwenda kutafuta bakuli kubwa la mzee, ambalo lilikuwa juani. Niliporudi, mama mkwe alikuwa amesimama nyuma ya mlango wa jiko akijifuta mdomo na kanga, akasema moshi umemwingia. Nikapakua. Juu nikaweka vijiko viwili vya maziwa mgando, supu ikageuka rangi ya waridi pembeni. Nikampelekea mzee, nikapiga goti, nikamnawisha mikono.

"Hii nyekundu ni nini?"

"Bitiruti, baba."

"Ni chakula cha watu?"

"Ndiyo, baba. Nesi alisema, ila alisema pia kwamba..."

Nikakwama. Sijui kwenu. Kwetu mkamwana hatamki neno mkojo mbele ya baba mkwe. Akiwa anaelekea chooni, mimi najifanya naangalia mbuzi. Miaka mitatu ile mzee Alute na mimi tuliishi kama watu wasio na miili. Sasa ningeanzaje? Nilimtazama mama mkwe anisaidie, naye akanifinya mkono.

"Mwache baba yako ale."

Akala. Alikula bakuli la kwanza, akaomba la pili, akaomba la tatu, akagonga mfupa kwenye jiwe na kunyonya uboho mpaka mfupa ukapiga mluzi. Akasema Wanyiramba wengine kumbe wana akili. Sufuria liliporudi jikoni lilikuwa na vijiko vinne vya supu na majani ya kabichi yaliyoganda pembeni. Nilikula hivyo vijiko vinne nikilia. Siyo kwa huzuni, kwa hasira.

Jumanne asubuhi mzee Alute alikwenda chooni akakaa huko muda mrefu. Alipotoka alikuwa ameshika mkanda wa suruali kwa mikono miwili, anatembea polepole kama mtu aliyebeba maji kichwani. Hakunywa chai. Alimpigia simu mdogo wake Simoni, na Simoni akafika na baiskeli kabla jua halijawa kali. Wakakaa nyuma ya jiko, wakaongea Kinyaturu cha haraka ili nisifuate. Kwa miaka mitatu nimefundishwa Kinyaturu na kelele za nyumba ile, nilifuata yote.

"Ni kichocho," mzee alisema. "Kimerudi. Kama kile cha utotoni, tulipokuwa tunaoga lamboni na ng'ombe."

"Lamboni umeoga lini?" Simoni aliuliza. "Miaka hamsini iliyopita? Kichocho gani kinasubiri miaka hamsini? Jana ulikula nini?"

Nikasikia mzee akivunjavunja kijiti.

"Alute. Ulikula nini?"

"Supu ya yule binti."

"Ilikuwa ya rangi gani?"

"Nyekundu," mzee alisema, nikajua nimekwisha. Simoni alisema kitu kile kimetoka kwenye sufuria. Akasema atamletea mizizi ya kuchemsha, anywe siku tatu. Mzee alikataa katakata kwenda zahanati; hakuwa tayari kukojoa kwenye kikopo akampa binti wa umri wa Dina.

Nilimkimbilia mama mkwe. "Mama, siyo damu. Ni rangi ya bitiruti, nesi aliniambia. Mwambie baba."

Alinitazama. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyepata habari ya msiba.

"Una hakika?"

"Hakika kabisa, mama. Mwambie."

"Mimi nikamwambie mume wangu habari za mkojo wake, halafu aniulize nimejuaje?"

Akarudi kuchambua mtama. Nilidhani ni woga wa kawaida. Nikampigia Paschal, naye akasema mambo hayo hayasemwi kwenye simu, nivumilie mpaka mwisho wa wiki. Nilimwambia avumilie yeye, nikakata.

Mzee alikunywa mizizi. Alhamisi rangi ikaisha, kama ambavyo ingeisha hata angekunywa maji ya kisima. Basi Simoni akawa tabibu. Akasema hadharani kwamba amemtoa kaka yake mdomoni mwa kaburi, na kwamba sumu aliyoiona kwenye mkojo ule hajawahi kuiona. Mzee akapiga marufuku sufuria langu. Na mimi Alhamisi hiyohiyo nikapika tena. Mifupa, bitiruti, kabichi, ndimu, vyote. Hakuna aliyeigusa, na kwa mara ya kwanza tangu niolewe nilikula sufuria zima peke yangu mpaka tumbo likauma. Ijumaa nikapika tena. Mzee alipita mlangoni akatema mate pembeni. Nikampa shikamoo yake kama kawaida, kijiko kikiwa mkononi.

Jumapili, watu walipotoka misa, kikao kikaitwa uani. Walikuja Simoni na wazee wengine wawili wa ukoo. Paschal alikaa mwisho wa benchi akitazama viatu vyake. Mama mkwe alibaki mlangoni mwa jiko, kwa kuwa wanawake hawakai kwenye benchi la kikao. Mimi niliambiwa nije mbele.

Simoni ndiye aliyesema. Alisema mkamwana amemlisha mzee wa nyumba kitu kilichomtoa damu. Alisema amekatazwa na bado anapika, leo hii kuna sufuria jikoni, harufu wanaisikia wote. Alisema hawataki kunihukumu kwa ubaya, mimi ni mtoto wa watu, ila nyumba haiwezi kulala na sumu.

"Achague," akamalizia. "Aombe msamaha na sufuria hilo litupwe, apike kama wanawake wengine. Au arudi Kinampanda leo, ajifungulie kwao, na tukiona mtoto ni mzima tutazungumza."

Nilipaswa kupiga magoti ndipo niseme. Nilikuwa na mimba ya miezi sita na hasira ya miaka mitatu. Magoti hayakukunjika. Nilifikiri juu ya ile nane, na juu ya Dina akinishika mkono huku anapiga simu, na nikajua kwamba nikisema samahani pale, nitakuwa nimeomba msamaha kwa kutaka kuishi.

"Baba," nikasema, "mkojo wako ulikuwa mwekundu kwa sababu ulikula bitiruti."

Mzee mmoja alikohoa. Paschal alifunika uso kwa mikono. Mzee Alute alitazama ukuta kama ukuta ndio uliosema.

"Ametaja nini?" Simoni aliuliza.

"Nimetaja mkojo. Na wangu ni mwekundu, tangu Alhamisi. Nesi aliniambia utakuwa hivyo. Siyo damu, siyo sumu, ni rangi."

"Huna adabu!"

"Ninayo, baba mdogo. Jumatatu nilikuwa nayo, nikanyamaza. Ndiyo maana leo mko hapa."

Simoni akasimama. Alisema mtuhumiwa hawezi kujitolea ushahidi. Ningeweza kusema mkojo wangu ni wa bluu, nani angekwenda kuangalia? Wazee wakacheka kidogo, nikawachukia.

"Yuko wapi mwingine aliyekula akatokwa hivyo, akapona bila dawa yangu?" Simoni aliuliza. "Mtaje. Mmoja tu."

Sikuwa na wa kumtaja. Nilitazama benchi lote, nikamtazama mume wangu, nikaona vile masufuria yale yalivyokuwa yamegawanywa: la kwanza lote la mzee, na yaliyofuata nilikula peke yangu kama mwizi. Uchungu wa kula peke yako ni huo, siku ya kesi huna shahidi.

"Sufuria silitupi," nikasema. "Kama ni kwenda, nitakwenda nalo. Paschal, niletee kanga zangu."

Paschal hakusogea. Ndipo sauti ikatoka mlangoni mwa jiko.

"Na mimi."

Mama mkwe alikuwa ameshika fremu ya mlango. Sijawahi kumwona mwanamke yule akiongea mbele ya benchi, na nadhani hata mumewe hakuwa amewahi.

"Na wewe nini?" mzee Alute aliuliza.

"Na mimi ulikuwa mwekundu. Jumanne asubuhi, kama wako."

"Ulikula? Nani alikupa?"

"Nilijipakulia."

"Lini? Supu yote niliimaliza mimi."

"Kabla yako," mama mkwe alisema. "Bakuli la kwanza lilikuwa langu, Alute. Huyu alipotoka kuchukua bakuli lako, nililinywa nyuma ya mlango, nimesimama, likiwa linachoma."

Aliingia uani, hatua mbili tatu, akajifunga kanga vizuri kiunoni.

"Miaka arobaini na miwili nimekupikia supu. Nimeionja kwa kijiko, kuangalia chumvi. Jumatatu nikasema leo ninakunywa na mimi, hata iwe mara moja. Kesho yake nikaona wekundu, nikasema basi, Mungu amenilipa. Huyu mtoto akaniambia ni rangi. Sikumwamini. Usiku ule nilisali rozari mbili nikisubiri kufa, na wewe pembeni unakoroma. Alhamisi rangi ikaisha. Na mizizi yako, Simoni, sikuionja hata tone."

Mmoja wa wale wazee alimgeukia Simoni, na Simoni akaanza kutafuta kitu mfukoni ambacho sidhani kama kilikuwemo. Mzee Alute aliinuka. Nilimwogopa, kisha nikamwonea huruma, kisha nikakumbuka vile vijiko vinne na huruma ikapungua.

"Basi mwende wote wawili," alisema. "Kila mmoja arudi kwao."

"Kwetu mimi walishakufa wote," mama mkwe alimjibu. "Mashamba wamegawana watu ambao sijui majina yao. Kwetu ni hapa. Nyumba hii nimeikandika kwa mikono hii wewe ukiwa mnadani. Siendi, na Peniel haendi, na anayeona hapa hapamfai, njia anaijua."

"Peniel haendi," Paschal alisema. Alisema kwa sauti ndogo, akiwa bado anatazama viatu, na nilikuwa na mengi ya kumwambia baadaye. Lakini alisema.

Mama mkwe hakungoja jibu la benchi. Aliingia jikoni akatoka na sufuria, amelishika kwa vitambaa viwili, akaliweka chini katikati ya uani mbele ya wazee wote. Akarudi akaleta bakuli kubwa na maziwa mgando. Nikachota mpaka juu, kabichi, bitiruti na mfupa wenye uboho, nikampa kwa mikono miwili. Akalisukuma lirudi kwangu.

"Anza wewe. Wewe ni watu wawili."

Nilikaa kwenye kigoda nikala, mchana kweupe, wanaume watano wakinitazama. Nilikula taratibu, nikatafuna kabichi, nikanyonya mfupa, supu ikanichuruzika kidevuni sikuifuta. Simoni alichukua baiskeli yake bila kuaga. Wale wawili walibaki, na nadhani ni harufu iliyowabakiza.

Mzee Alute alikuwa bado amesimama. Baada ya muda akakaa. Baada ya muda mwingine akasafisha koo.

"Mkwe," akasema, "kuna itakayobaki?"

"Ipo, baba. Akimaliza mama," nikamwambia, nikaongeza maziwa kwenye bakuli langu.